Alama Waliyojishonea

Waandishi wa tarikhi wamezoea kutafuta habari za watu katika hati za wafalme, katika daftari za mahakama na katika makaburi ya mawe, wala hawakukosea, kwani huko ndiko mamlaka huweka kumbukumbu zake. Lakini wako watu ambao mamlaka haikuwaandika ila kwa kuwashutumu, ambao majina yao yaliingia katika daftari za polisi kabla ya kuingia katika kitabu chochote cha heshima, na ambao, walipotaka kuacha athari ya maisha yao kwa kauli yao wenyewe, hawakuwa na karatasi wala jiwe, bali walikuwa na pamba, uzi, sindano na rangi. Makala haya ni habari za watu wa namna hiyo: wapendanao wa jinsia moja katika mji wa San Francisco, pwani ya magharibi ya Marekani, na hasa fundi mmoja miongoni mwao, Gilbert Baker, aliyebuni bendera ya upinde wa mvua mwaka 1978, na baada yake wale walioshona, miaka tisa baadaye, mfarishi mkubwa wa majina ya waliokufa kwa UKIMWI. Nia yangu ni kuonyesha kuwa kazi hizi mbili za mkono zinaeleza jambo moja, nalo ni hili: alama ambayo mtu amebandikwa na adui zake haiondoki kwa kukanushwa kwa maneno peke yake, huondoka pale yeye na wenziwe wanapoketi pamoja wakatengeneza alama nyingine, na katika kuketi huko na kutengeneza huko ndimo wanamopata kujijua kuwa wao ni watu.

Alama ya kwanza waliyobandikwa nayo ilikuwa ya kitambaa. Sheria ya jinai ya Ujerumani ya mwaka 1871 ilikuwa na kifungu cha 175 kilichowaadhibu wanaume waliopendana. Utawala wa Hitler ukakikaza kifungu hicho mwaka 1935, ukakamata watu kwa maelfu, na baina ya 5,000 na 15,000 miongoni mwao, kwa makadirio ya wanahistoria, wakapelekwa katika kambi za mateso, ambako wafungwa walivalishwa nguo zenye pembetatu zilizoshonwa kifuani kuonyesha sababu ya kufungwa kwao, na pembetatu ya watu hawa ikawa ya rangi ya waridi. Vita vilipokwisha mwaka 1945 kambi zilifunguliwa, lakini kifungu cha 175 kilibaki katika sheria za Ujerumani Magharibi katika ukali uleule mpaka kilipolegezwa mwaka 1969, wala hakikufutwa kabisa mpaka ulipofika mwaka 1994. Kwa hiyo aliyenusurika na kambi hakuweza kuonyesha hadharani kovu lake, maana kulionyesha kulikuwa ni kukiri kosa.

Katika miaka ya 1970 vijana wa Ulaya na Marekani waliichukua pembetatu ile wakaivaa kwa hiari yao, kwa kusudi la kuwakumbuka waliodhulumiwa na kuwasuta waliodhulumu; na kusudi hilo lilikuwa jema. Walakini Baker hakuridhika nalo. Aliona kuwa alama iliyotoka katika mikono ya wauaji, hata ikivaliwa kwa ujasiri namna gani, ingali inatoa habari za muuaji kabla ya kutoa habari za mvaaji, na kwamba watu waliodumu katika dhiki hiyo kwa vizazi wanastahili kitu kizuri kilichotoka kwao wenyewe. Rai hiyo ndiyo mzizi wa kazi yake yote.

Marekani yenyewe haikuwa na kambi za namna ile, ila ilikuwa na kalamu tatu, ya mtunga sheria, ya tabibu na ya polisi. Jimbo la Illinois lilikuwa la kwanza kufuta, mwaka 1961, sheria iliyofanya mapenzi ya siri baina ya watu wazima wa jinsia moja kuwa jinai. California haikufuata mpaka mwaka 1975, na sheria za majimbo yaliyosalia zilidumu hadi zilipobatilishwa na mahakama kuu ya nchi mwaka 2003. Chama cha matabibu wa maradhi ya akili kiliwahesabu watu hawa kuwa wagonjwa mpaka Desemba 1973. Ama polisi, desturi yao ilikuwa kuvamia vilabu walimokutana na kuwatia mbaroni waliokuwamo, mpaka usiku wa tarehe 28 Juni 1969, katika kilabu cha Stonewall mjini New York, waliovamiwa walipokataa kutawanyika, wakapambana, na mapambano yao yakaendelea kwa siku kadhaa. Tangu hapo kila mwezi wa Juni yalifanyika maandamano ya ukumbusho katika miji mingi, na San Francisco ukawa mmoja wa miji iliyoongoza, kwani ulikuwa umekwisha kuwapokea maelfu ya vijana waliokimbia vijiji na miji midogo ya bara.

Mmoja wa vijana hao alikuwa Gilbert Baker. Alizaliwa tarehe 2 Juni 1951 katika mji mdogo wa Chanute, jimbo la Kansas, akalelewa Parsons, mji mwingine wa jimbo hilo, baba yake akiwa hakimu, mama yake mwalimu, na bibi yake akiwa na duka la nguo za wanawake. Msomaji wa pwani yetu, aliyezoea kumwona fundi cherehani mwanamume amekaa barazani akizungusha gurudumu tangu asubuhi hadi alasiri, na ajuaye kuwa kofia za vito hutoka katika mikono ya wanaume na wanawake pia, huenda akashangaa kusikia kuwa katika nchi ile mvulana aliyependa vitambaa na mishono alidhaniwa kuwa na kasoro katika uanaume wake. Lakini ndivyo ilivyokuwa: huko Kansas sindano ilikuwa ya mama, na mtoto wa kiume aliyeinyoshea mkono alirudishwa kwa kejeli kabla hajatunga uzi. Jambo hili lataka kuzingatiwa, kwa sababu linaonyesha kuwa Baker alipojifunza kushona utu uzimani hakujifunza ufundi tu. Alirudi kuchukua kitu alichonyang'anywa utotoni, na kila mshono aliopiga baadaye ulikuwa na maana hiyo ndani yake.

Aliandikishwa jeshini mwaka 1970, akapelekwa San Francisco kuwa mhudumu wa tiba, na alipoachishwa kwa heshima mwaka 1972 hakurudi kwao, bali alibaki katika mji ule ambamo kwa mara ya kwanza aliishi bila ya kujificha. Rafiki yake Mary Dunn ndiye aliyemfundisha kutumia cherehani. Kwanza alijishonea nguo, maana alipenda mavazi ya fahari ya waimbaji wa zama zile na hakuwa na fedha za kuyanunua; kisha ikajulikana miongoni mwa wenziwe kuwa yupo kijana awezaye kushona kitu kikubwa kwa haraka, akaanza kuitwa kila palipotakiwa bango la kitambaa, katika maandamano ya kupinga vita vya Vietnam na katika yale ya kudai haki za watu wake. Aidha alikuwa akipanda jukwaani katika mavazi ya kike aliyoyashona kwa mkono wake, akajipa jina la jukwaani lililofuatisha jina la Betsy Ross, mwanamke ambaye kwa riwaya za Wamarekani ndiye aliyeshona bendera ya kwanza ya taifa lao. Hivyo kazi ya kushona, mapambano ya haki na sura aliyopenda kujionyesha nayo kwa watu vilikuwa kwake kitu kimoja, na asiyeuona umoja huo hawezi kuielewa bendera yake.

Mwaka 1976 Marekani ilitimiza miaka 200 ya uhuru, na bendera ya taifa ikaenea kila mahali, juu ya majengo, katika madirisha ya maduka, hata katika nguo za watu. Baker aliitazama hali hiyo akatambua sifa ambayo picha na kitabu havina: bendera haihitaji ukuta wa kuitundika wala msomaji wa kuifasiri, ni mali ya kila aishikaye, na kuipandisha ni sawa na kusema, pasi na kutamka, kwamba tupo. Rafiki zake, miongoni mwao mtengeneza filamu Artie Bressan, walimhimiza abuni alama ya watu wao, na wakati wenyewe ulikuwa mwafaka, kwa kuwa Novemba 1977 Harvey Milk, mwenye duka la kamera katika mtaa wa Castro, alikuwa amechaguliwa kuingia katika baraza la mji bila ya kuficha kuwa ampenda mwanamume. Baker akachagua upinde wa mvua, kwa hoja kuwa ni alama itokayo mbinguni, isiyo milki ya mfalme wala ya dola, ambamo rangi hukaa pamoja bila ya mojawapo kuimeza nyingine.

Kazi yenyewe ilifanyika katika nyumba ya jumuiya yao, namba 330 mtaa wa Grove, katika orofa ya juu, na wafanyao kazi walikuwa kiasi cha watu 30 waliojitolea bila ya ujira. Lynn Segerblom alikuwa bingwa wa kutia rangi, hasa kwa njia ya kufunga kitambaa kwa uzi kabla ya kukichovya ili rangi iingie kwa michoro. James McNamara alikuwa hodari wa cherehani. Na Baker alikuwa mwenye wazo na msimamizi. Walinunua pamba isiyotiwa rangi, ya jinsi ile ambayo wazee wetu wa Unguja, walioinunua kutoka katika merikebu za Salem, Marekani, katika karne ya kumi na tisa, waliiita merikani. Wakajaza maji na rangi katika mapipa ya taka yaliyosafishwa, wakachovya na kukoroga, wakasuuza, wakaanika, wakapiga pasi, wakaunga ukanda kwa ukanda. Kwa kuwa nyumba ile haikuwa na mahali pa kufulia mafungu makubwa namna ile, walikwenda usiku kwenye dobi la mashine za umma, ambalo kanuni zake zilikataza nguo zenye rangi mbichi, na walipomaliza wakatia dawa ya kuondoa rangi katika mashine ili nguo za mteja ajaye asubuhi zisiharibike.

Walitengeneza bendera mbili, kila moja ikiwa na futi 30 kwa 60. Moja ilikuwa ya kanda nane tupu; ya pili ilikuwa na kanda zile pamoja na uwanja wa buluu wenye nyota, mfano wa bendera ya Marekani, na nyota hizo zilikuwa kazi ya Segerblom. Kila rangi ilipewa maana yake: waridi kali kwa mapenzi ya mwili, nyekundu kwa uhai, rangi ya chungwa kwa uponyaji, manjano kwa mwanga wa jua, kijani kwa maumbile, feruzi kwa sihiri na sanaa, nili kwa utulivu, na urujuani kwa roho. Mwenye kuitafakari orodha hiyo ataona kuwa haina rangi ya huzuni wala ya kisasi. Watu ambao sheria iliwaita wahalifu na tabibu akawaita wagonjwa walipopewa nafasi ya kujieleza hawakuandika malalamiko. Waliandika mambo manane ambayo kila binadamu huyatamani, wakayaweka juu mlingotini. Tarehe 25 Juni 1978, siku ya maandamano, bendera zote mbili zilipandishwa katika uwanja uitwao United Nations Plaza, katikati ya mji, na umati ukazitazama zikikunjuka kwa upepo.

Furaha hiyo haikutimiza nusu mwaka. Tarehe 27 Novemba 1978 Harvey Milk na meya George Moscone waliuawa kwa risasi ndani ya jumba la mji, na muuaji alikuwa Dan White, aliyekuwa mjumbe wa baraza lilelile. Katika msiba huo watu wengi walitaka kuwa na bendera ile nyumbani mwao, ikawa haiwezekani tena kuitengeneza kwa mapipa na kamba za kuanikia. Kampuni ya Paramount, iliyokuwa ikiuza bendera mjini humo, ikaanza kuishona kwa vitambaa vilivyotoka viwandani, na Baker mwenyewe akaajiriwa huko. Hapo ndipo soko lilipoanza kuamua mambo. Kitambaa cha waridi kali hakikupatikana kwa wingi, ukanda huo ukaondolewa, zikabaki saba. Na mwaka 1979, ilipotakiwa rangi zigawanywe nusu kwa nusu katika nguzo za taa za pande mbili za barabara ya Market, idadi ya witri haikufaa, feruzi ikaondoka na nili ikageuzwa kuwa buluu. Kwa njia hiyo ilipatikana bendera ya rangi sita ijulikanayo leo duniani kote, na wengi waipeperushao hawajui kuwa palikuwa na nane, wala hawajui kwamba zilizopotea ni mapenzi ya mwili na sanaa, zilizopotea kwa hesabu za duka na za barabara tu, si kwa hukumu ya mtu yeyote.

Liko jambo jingine lililopotea pamoja na rangi hizo, nalo ni majina ya mikono. Jina la Baker lilienea, na lilistahili kuenea, kwa kuwa alijitolea umri wake wote kwa bendera ile. Lakini kwa miaka mingi Segerblom na McNamara hawakutajwa ila kwa nadra, na McNamara alifariki mwaka 1999 kwa UKIMWI kabla sifa yake haijajulikana. Segerblom aliishi akadai haki ya kutajwa, na madai yake yalikuwa ya kweli. Nasema haya bila ya kusudi la kumpunguzia Baker hadhi, bali kwa sababu ni hulka ya historia kutafuta mtu mmoja wa kumvisha taji, hali kazi ya mkono, na hasa kazi kubwa ya kitambaa, karibu kila mara ni ya watu wengi. Kanda za pamba za bendera ya futi 30 kwa 60 haziwezi kuchovywa na mtu mmoja. Na utambulisho wa watu, vivyo hivyo, haushonwi na fundi mmoja hata akiwa bingwa namna gani.

Hakuna mahali ambapo ukweli huu ulidhihiri kuliko katika mfarishi wa majina. Tarehe 5 Juni 1981 wakuu wa afya wa Marekani walichapisha taarifa ya vijana watano wa Los Angeles walioshikwa na homa ya mapafu isiyo ya kawaida, na hiyo ikawa habari ya kwanza rasmi ya UKIMWI. Ilipofika Novemba 1985 watu zaidi ya 1,000 walikuwa wamekwisha kufa kwa maradhi hayo katika mji wa San Francisco peke yake. Mwezi huo, kama ilivyokuwa desturi ya kila mwaka, watu waliandamana usiku na mishumaa kuwakumbuka Milk na Moscone, na mwanaharakati Cleve Jones, aliyekuwa mwanafunzi wa Milk katika siasa, akawaomba waandamanaji waandike majina ya marehemu wao katika vipande vya kadibodi. Kisha wakapanda ngazi wakayabandika majina hayo ukutani mwa jengo la serikali kuu. Jones aliposimama mbele ya ukuta ule na kuutazama aliona sura ya mfarishi wa viraka, kama ule uliokuwa umerithiwa katika ukoo wake kule Indiana, na wazo likamwingia.

Mfarishi wa viraka si kitu kidogo katika nchi ile. Ni kazi ambayo mama na bibi wa mashamba ya Marekani waliifanya kwa karne mbili na zaidi, wakikusanya masalio ya nguo zilizochakaa, wakayaunga kwa michoro na kuyatia pamba katikati, wakampa bibi arusi, mtoto mchanga au msafiri. Ni nguo ya upendo wa nyumbani, na hakuna katika Marekani yote asiyeijua maana yake. Kuwachukua vijana waliofukuzwa makwao, wengine wakafa pasipo mzazi kando ya kitanda, na kuwashonea nguo ambayo kwa desturi hushonwa na bibi, ni kuwarudisha nyumbani kwa nguvu ya sindano. Mwaka 1987 Jones alishona kipande cha kwanza kwa ajili ya rafiki yake Marvin Feldman, na pamoja na Mike Smith na wengine wakafungua karakana katika barabara ya Market. Kipimo kilichokubaliwa kilikuwa futi 3 kwa 6, nacho ni kipimo cha kaburi la mtu mmoja, maana wengi katika marehemu hao walikataliwa na wenye kuzika, au walizikwa na jamaa zao pasipo kutajwa ugonjwa wao wala wapenzi wao.

Vipande vikaanza kufika kwa posta kutoka kila pembe. Walioshona walikuwa wapenzi waliobaki, madaktari na wauguzi, baba waliokuwa hawajapata kushika sindano, na mama waliokuwa wameshona maisha yao yote lakini hawakudhani kuwa watamshonea mtoto nguo ya namna hiyo. Wakashona suruali za kazi, sare za jeshi, vitu vya kuchezea watoto, barua, picha, funguo, pete za ndoa, na wengine wakatia majivu ya maiti. Wako waliotajwa kwa jina la kwanza tu, kwa hofu ya aibu iliyokuwa bado juu ya jamaa zao. Gert McMullin, aliyekuja karakanani siku za mwanzo kwa sababu ya rafiki zake waliokufa, akabaki kuwa mtunzaji: yeye na wenziwe wakaunga vipande vinane vinane kuwa mraba wa futi 12, wakapiga pindo kwa turubai, wakatia pete za chuma ili miraba ifungike mmoja kwa mwingine.

Tarehe 11 Oktoba 1987 mfarishi ulitandazwa kwa mara ya kwanza katika uwanja mkuu wa mji wa Washington, ukiwa na vipande 1,920, mkubwa kuliko kiwanja cha mpira. Waliojitolea, wamevaa nguo nyeupe, waliizunguka miraba iliyokunjwa, wakaifunua pindo baada ya pindo huku majina yakisomwa moja moja kwa sauti. Na watu nusu milioni walipita siku zile katika njia za kitambaa cheupe zilizoachwa katikati. Mwaka uliofuata vipande vilikuwa 8,288. Oktoba 1996, ulipotandazwa mzima kwa mara ya mwisho, vilikuwa karibu 40,000, vikaujaza uwanja ule. Leo vinakaribia 50,000 vyenye majina zaidi ya 110,000, na uzito wake wote ni tani 54. Daktari aliyesema kuwa ugonjwa huo ulichukua idadi fulani ya watu alisema kweli, lakini hesabu haina uso. Aliyetembea baina ya makaburi hayo ya pamba, akaona kofia ya huyu na njuga ya mwingine, hakuweza tena kuwaita kwa namba.

Habari hizi zinatugusa sisi wa Afrika Mashariki kwa undani kuliko inavyodhaniwa, kwa kuwa ugonjwa ulikuwa ni uleule. Wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI katika Tanzania walitambuliwa mkoani Kagera mwaka 1983, na watu wa huko waliuita ugonjwa Juliana, kwa jina la nguo za magendo zilizoingizwa na wafanya biashara kutoka Uganda, wakidhani kuwa ndizo zilizouleta. Hata kwetu, basi, msiba ulianza kusimuliwa kwa kitambaa. Mwaka 1987, mwaka uleule wa mfarishi, Noerine Kaleeba, aliyefiwa na mumewe Januari ya mwaka huo, alianzisha mjini Kampala jumuiya ya TASO ya kuwasaidia wagonjwa na jamaa zao. Na katika miaka ya 1990 kina mama wa Uganda wenye virusi, chini ya chama chao cha NACWOLA, walijifunza kuwatengenezea watoto wao vitabu vya kumbukumbu, ambamo mama aliandika kwa mkono wake nasaba, desturi za ukoo, siku ya kuzaliwa kwa mtoto na mambo aliyomtakia, akabandika picha, ili mtoto atakapobaki yatima ajue ametoka wapi. Mama wa Kampala na kijana wa San Francisco hawakujuana, na mengi yangewatenga lau wangekutana. Lakini wote wawili walipoona kuwa mauti yanakuja pamoja na fedheha, walishika kazi ya mkono, kwa sababu ndiyo iliyobaki katika uwezo wao.

Baker aliendelea na bendera mpaka mwisho wa maisha yake. Alikataa kuisajili iwe milki yake, akasema kuwa ni hidaya kwa watu wote, na kwa hiyo alikufa bila ya kupata mrabaha wa mamilioni ya bendera zilizouzwa. Mwaka 1994, katika ukumbusho wa miaka 25 ya Stonewall, alitengeneza bendera yenye urefu wa maili moja, ikabebwa na maelfu ya watu katika barabara za New York. Na mwaka 2003, katika kisiwa cha Key West, alitengeneza nyingine iliyonyoshwa kutoka ghuba ya Meksiko hadi bahari ya Atlantiki, akaitia tena rangi zote nane za asili. Makumbusho ya sanaa za kisasa ya New York iliipokea bendera yake katika hazina zake mwaka 2015. Miezi michache kabla ya kufariki, tarehe 31 Machi 2017, akiwa na umri wa miaka 65, alikuwa bado akishona, na alikuwa ameongeza ukanda wa tisa, wa urujuani mpauko, kwa maana ya watu kuwa mbalimbali. Bendera za kwanza zilidhaniwa kuwa zimepotea. Lakini kipande cha mojawapo kilitambuliwa katika vitu alivyoviacha, na tangu mwaka 2021 kimewekwa katika makumbusho ya watu wake mjini San Francisco, rangi zake zikiwa zingali zinaonyesha mahali ambapo pamba ilikunywa zaidi na mahali ilipokunywa kidogo.

Na mfarishi nao haujafungwa. Umerudi katika eneo la San Francisco baada ya kukaa miaka mingi Atlanta, na vipande vipya vingali vinapokewa. Na mwaka 2020, maradhi mapya yalipoingia na barakoa zikaadimika, Gert McMullin alichukua vitambaa vilivyosalia karakanani akashona barakoa kwa mamia kwa ajili ya wahudumu wa watu maskini. Fundi aliyeshona kwa miaka mingi kuwakumbuka waliokufa alitumia mshono uleule kuwalinda walio hai, na sidhani kuwa upo ushahidi mkubwa kuliko huo wa jinsi kazi ya mkono inavyorithisha maadili pamoja na ufundi.

Wako wasemao kuwa utambulisho wa mtu ni siri ya nafsi yake, kitu kilichokamilika ndani kinachongojea kufichuliwa. Historia niliyoieleza hainishawishi hivyo. Baker hakuitoa bendera moyoni mwake ikiwa tayari. Aliipata katika pipa la rangi, pamoja na watu 30, baada ya kujifunza kwa rafiki kazi ambayo utotoni ilimletea kejeli. Wazazi walioshona mfarishi wengi wao hawakuwajua watoto wao sawasawa walipokuwa hai. Walianza kuwajua walipowauliza marafiki wa marehemu ni rangi gani alizipenda na ni wimbo gani aliuimba, ili wayatie hayo katika kitambaa. Kujua kulifuata kutengeneza. Kwa ajili hiyo mwenye kutaka kuandika habari za watu hawa, na za watu wengine wote ambao hati za serikali ziliwasahau au ziliwasingizia, hana budi kujifunza kusoma pindo na mshono kwa makini yaleyale anayosomea mikataba na hukumu, na kuyataja majina ya walioshona pamoja na majina ya walioshonewa. Kwani hati ya hakimu hueleza tu yale ambayo watu hao walitendewa, na kazi ya mikono yao ndiyo ielezayo wao walikuwa nani.